Mkono wa Bwana Plotnik Waaga Studio

Baada ya miaka kumi na minne na michoro isiyopungua laki mbili, Bwana Isidor Plotnik, Izzy wetu, anastaafu Ijumaa hii, tarehe 30 Septemba 1927.

Alikuja kwenye studio yetu ya katuni hapa New York akitoka kuchora mabango ya viatu. Ndiye aliyemzaa Biddle, yule mbuzi ambaye ndevu zake huchomoka zikawa ngazi, mwavuli au mama mkwe, kutegemea shida iliyopo.

Kila mchana alikula samaki wa chumvi juu ya meza ya kazi. Mwaka 1921 paka wa chumba cha kamera alitafuna michoro arobaini iliyonukia vizuri. Filamu ikatoka hivyo hivyo: Biddle anapanda daraja, anatokea mwezini. Gazeti moja liliiita sanaa ya kisasa, na mwenye studio, Bwana Chester Haverstock, akapokea pongezi kwa unyenyekevu mkubwa.

Bwana Haverstock hajui kuchora hata yai. Hata hivyo, kila filamu hufunguka kwa mkono unaomchora Biddle, kisha ukatia sahihi "Haverstock". Mkono ni wa Plotnik. Ile kucha ya gumba iliyopasuka sote tunaijua. Miaka yote aliomba jina lake lionekane walau mara moja. Mwezi uliopita aliomba tena.

"Izzy, usinichoshe bwana," Bwana Haverstock alimjibu. "Picha za mkono wako tunazo. Wewe nenda kapumzike, mkono utabaki kazini."

Plotnik akarudi mezani kumaliza filamu yake ya mwisho. Sisi tunaopaka wino michoro yake tuliona alichochora, tukakipaka wino kama kawaida.

Jumamosi iliyopita filamu hiyo ilionyeshwa mbele ya wenye majumba ya sinema. Mkono ulimchora Biddle. Biddle akang'oa ndevu, zikawa mlango. Mkono ukaandika mlangoni "I. Plotnik", ukaufungua, ukatoka zake. Biddle akavua kofia. Bwana Haverstock alicheka kuliko wote, mpaka mkewe alipouliza kwa sauti: "Chester, Plotnik ndiye nani?"

Nakala za filamu zilikuwa zimeshafika Chicago; hakukuwa na la kukata tena.

Asante, Izzy, kwa mbuzi na hata kwa ile harufu. Tutakukumbuka sana. Uishi kwa raha huko Brooklyn, wewe na mkono wako. Bwana Haverstock anatafuta mkono mwingine wa kufungulia filamu. Leo sote tumekuja kazini tumevaa glavu.