Nilikifuta Kijiji Changu Nikaenda Buguruni

Bwana apewe sifa zake, ndugu zangu, apewe hata na mdomo mchungu kama huu wangu.

Mwalimu wa kwaya alitaka nisimame Jumapili niseme. Nimekataa. Nikishikishwa kipaza sauti nitaanza kugombana na watu, najijua. Kwa hiyo nimeandika. Shule yangu iliishia darasa la nne na mwandiko wangu ni kama kuku kaparua, lakini kila neno ni langu. Katibu asome kama lilivyo, asinirembee.

Wengi mnanijua, Mama Salome wa viungo, meza yangu iko Kariakoo pale wanapouza vyombo vya plastiki. Mimi ni mtu wa kujisikia. Sikatai. Mnachojua kidogo ni jinsi nilivyokaa miaka miwili kifungoni, na mlango wa kifungo hicho unaenea kwenye kiganja cha mkono.

Baba yangu alitoka Masasi akaja kubeba magunia bandarini mpaka bega lake moja likashuka kuliko lingine. Kwa bega hilo akajenga nyumba Kariakoo. Vyumba sita, korido katikati, jiko na choo uwani. Mama alifariki mdogo wetu wa mwisho, Yona, akiwa na miezi minane. Nilimbeba mgongoni mimi, mtoto wa miaka kumi na mbili. Ndiyo maana shule iliishia pale ilipoishia. Yona alijifunza kutembea kwa kushika kanga yangu.

Akakua, akaoa Marta, wakakaa chumba cha tatu kushoto. Mimi cha kwanza. Tumeishi hivyo mpaka mvi zikatuota sote.

Halafu akaja mtu anayetaka kiwanja ajenge ghorofa. Ndugu zetu wawili walioko Masasi wakasema tuuze. Sikuhangaika, nikajua Yona yuko upande wangu. Ndugu zangu, Yona ndiye aliyesaini wa kwanza. Aliniambia, "Dada, hii nyumba itatuangukia. Kila masika tunalala na mabeseni ya kukingia mvua."

Nikasimama pale koridoni, mbele ya ndugu, wapangaji, na wazee wawili wa kanisa hili ambao leo wapo na wananisikia. Nikasema, "Yona, kuanzia leo hatuzikani. Mimi nikifa usinizike. Wewe ukifa sikuziki. Na wa nyumbani kwako vivyo hivyo."

Mnajua uzito wa neno hilo. Sisi watu wa mjini tunagombana asubuhi, jioni tunaombana chumvi. Lakini ukishasema hatuzikani, hapo umefunga. Marta alikuwa amesimama mlangoni na sinia la chai. Yeye hakusaini chochote. Hakuna hata aliyemuuliza.

Nyumba ikavunjwa kwa siku mbili. Yona akahamia Buguruni na mkewe. Mimi nikaenda kwa binti yangu Salome, Ilala, nikalala chumba kimoja na mjukuu wangu Neema. Leo pale kwetu pana ghorofa tisa, chini wanauza mabegi. Nikipita nageuza uso upande wa pili.

Sasa nisikilizeni hapa, maana wengine mtacheka. Chekeni tu.

Neema alikuwa na kigemu cha mkononi, kile cha kioo katikati na vitufe pembeni. Mama yake akamnyang'anya wakati wa mtihani, akanipa mimi. "Mama, kaa nacho. Akikuomba usimpe, hata akilia." Nikakitia kwenye mkoba nikaenda nacho mezani. Siku ya tatu wateja hawakuja, nikakiwasha.

Mtihani ulipokwisha Neema akaja kukidai. Nikamwambia, "Ngoja kidogo, namwagilia."

"Unamwagilia nini, bibi?"

"Mahindi."

Alicheka mpaka akakaa chini. Kisha akasema kile kijiji nilichokuwa nacheza ni chake, na kigemu kinatunza kijiji kimoja tu. Ukitaka kuanza upya lazima ufute cha zamani. Alikuwa ameshakichoka, akakifuta, akanianzishia changu. Akanionyesha namna ya kukisevu ili nikizima kisipotee.

Mchezo wenyewe ndio huu: unapewa ardhi tupu. Unalima, unavua, unakata mbao. Ukijenga vizuri, watu wanahamia, nawe unawapa majina unayotaka. Maneno yake ya Kizungu siyajui, lakini picha hazihitaji shule. Nikajenga nyumba ya baba. Vyumba sita, korido, uwani. Mbao moja moja, miezi na miezi. Hakuna aliyekuja na karatasi nisaini.

Na nikamweka Yona.

Alikuja mtu mmoja mfupi wa kofia, nikamwandika jina Y-O-N-A. Nikampa kiwanja kule majini. Nikamsimamishia nguzo nne bila paa, basi. Mvua ikinyesha mle ndani naacha kila kitu, naenda kumwangalia akilowa. Kila asubuhi ananisogelea anasema kitu. Nikamuuliza Neema anasema nini.

"Anakusalimia, bibi. Anauliza umelalaje."

"Mwambie nimelala pakavu."

Ndugu zangu, hayo ndiyo yaliyokuwa maombi yangu ya asubuhi kwa miaka miwili. Kanisani nilikuja, mkono nikainua, kwenye mkoba kigemu kinapata moto. Salome alijaribu kuniambia. Nikamjibu wenzangu wanavuta ugoro, mimi nalima, kosa langu nini.

Siku moja Yona wa kweli alikuja mezani kwangu. Ilikuwa mara ya kwanza tangu nyumba ivunjwe. Alikuwa amekonda, shati limefuliwa likapigwa pasi; nikajua pasi ya Marta.

"Shikamoo, dada."

Sikuitika. Nikaendelea kubonyeza. Akavuta ndoo akakaa, akaanza kusema kwamba Marta anaumwa, tumbo, na amemtuma aje. Alisema, "Anakuulizia. Anasema kama hutaki kuniona mimi, nitatoka, umwone yeye peke yake." Akainama akaangalia kioo. Kusoma anajua, mimi ndiye niliyempeleka shule.

"Huyu Yona mbona nyumba yake haina paa?"

Nikasema, "Aliuza."

Hilo ndilo neno pekee nililompa mdogo wangu siku ile. Akakaa kidogo, akasimama, akairudisha ndoo mahali pake, akaondoka. Mama wa vyombo vya plastiki aliyekuwa amesikia yote akaniambia, "Shoga, wewe una roho ya jiwe la kusagia." Nami, Mungu anisamehe, nilijisikia vizuri. Nilijiona nimemweza.

Hazikupita wiki nyingi, Marta akafariki.

Kwetu, mke wa kaka au wa mdogo wako akifa, wifi ndiye anayemvisha. Anaingia na wanawake wengine, lakini nguo ya kwanza inashikwa na mkono wa wifi. Hata kama mlikuwa hamsemezani, siku hiyo unakwenda, unamvisha, ndiyo kwaheri yenu. Salome akaniambia, "Mama, twende." Nikasema mguu unaniuma. Akina mama wa jumuiya wakaja na Bajaji mbili kunichukua, wamevaa sare. Nikawaonyesha mguu. Mguu ulikuwa mzima, ndugu zangu. Mnaokumbuka mlivyonipaka dawa siku ile, naomba radhi, mliupaka mguu mzima.

Wakaondoka. Neema akaenda nao. Mimi nikabaki kitandani na kigemu. Ilikuwa siku ya kuvuna. Nikavuna mahindi shamba zima wakati wifi yangu analazwa kwenye jeneza. Nimeliandika ili lisomwe, msije mkasema Mama Salome alikuwa anaumwa mguu.

Neema alirudi jioni. Hakunisalimia. Akavua viatu, akakaa kwenye ukingo wa kitanda chake.

"Bibi, walikungoja."

"Nani kanitaka?"

"Walikungoja mpaka saa nane. Watu wa makaburi wanapiga simu, mchungaji anaangalia saa. Babu Yona akakataa wasimvishe. Anasema wifi yake anakuja, dada yangu namjua, anakuja."

Nikamuuliza nani alimvisha. Akasema jirani, mama mmoja muuza samaki, alijitolea. Babu Yona alitoka nje ndipo wakaanza.

Mngedhani nililia. Sikulia. Nilikasirika. Nikasema kwa nini aningoje, si nilimwambia? Nilikasirika majuma matatu. Naomba mnielewe hapo, maana wengi hutoa ushuhuda kwamba Roho aliwagusa papo hapo wakaanguka. Mimi hata kuyumba sikuyumba.

Kilichonivunja kilikuwa kitu kidogo. Mchana mmoja nikasema moyoni, basi, yaishe, nitamsamehe. Nikachukua kigemu. Nikakata mbao, nikaenda kule majini, nikampigia Yona paa. Zuri, la kijani. Yule mtu wa kofia akaruka juu, akazunguka, vimaua vikamtoka kichwani. Akasema maneno mengi. Nikamwita Neema anisomee.

"Anasema asante, bibi. Anasema hajawahi kuwa na furaha hivi. Anasema wewe ndiye rafiki yake mkubwa kuliko wote."

Nikamtazama anavyoruka. Nilimlowesha miaka miwili, nikampa vibao sita vya paa, na yameisha. Haniulizi kitu. Hanidai neno. Huyu hajafiwa. Huyu hakumngoja mtu mpaka saa nane.

Nikakiweka kigemu mapajani. Nikaona nimetaka kuomba msamaha kwa mtu asiyeweza kuninyima. Nimejitafutia Yona wa bei rahisi, na Yona wa kweli yuko Buguruni na shati lisilopigwa pasi. Nikasikia ndani yangu, sisemi sauti, sikusikia sauti, lakini nilijua kama unavyojua chungu kimeungua: toka humo.

"Neema, kifute."

"Nini?"

"Kijiji. Chote. Kama ulivyofuta chako."

"Bibi, kuna miaka miwili humu. Kuna nyumba ya babu mkubwa. Si uache tu kucheza?"

"Nikiacha nitarudi. Futa."

Akanipa kigemu mkononi. "Mimi siwezi. Fanya mwenyewe." Akanionyesha kitufe. Nikabonyeza. Maneno yakatokea. "Kinauliza una uhakika?" Nikabonyeza. Yakatokea mengine. "Kinauliza tena. Kinasema haitarudi."

Ndugu zangu, nilifanya kama anayeng'oa jino lake mwenyewe. Nikabonyeza. Kioo kikawa cheusi, kisha kikaja na majani matupu. Nyumba ya baba ikavunjwa mara ya pili, safari hii kwa kidole changu, na hapakuwa na wa kumlaumu. Nililia mpaka Salome akaja kuuliza nani amekufa. Nikamwambia, "Marta. Marta amekufa." Hapo ndipo nilipomlilia wifi yangu, majuma matatu baada ya kaburi kukauka.

Neema akakichukua kigemu. Sijakishika tena, na hamu imekatika, hilo ni la Mungu, maana mimi nguvu hiyo sina. Kwa hilo namshukuru mbele yenu.

Jumamosi nikaenda Buguruni. Nikauliza nyumba mpaka nikafika. Yona alikuwa ukumbini kwa wapangaji wenzake, akatoka mlangoni.

"Shikamoo, dada."

"Marahaba, mdogo wangu."

"Umekuja kuzika?" akasema. "Tumeshazika."

Nikapiga magoti pale uwani. Mimi, niliyembeba mgongoni. Wapangaji waliokuwa wanafua wakaacha kufua. Nikamwambia, "Neno nililosema koridoni nalifuta. Na mguu ulikuwa mzima, Yona. Nilikuwa mzima kabisa."

Akasema, "Najua." Akaitazama kanga yangu kwenye matope ya kufulia. "Inuka, dada, unachafua kanga." Akaingia ndani, akatoka na kiti, akakiweka nje chini ya kamba ya nguo. "Kaa hapa. Ndani bado."

Nikamuuliza mpaka lini. Akasema hajui. Alisema, "Mimi nilisaini, ni kweli, na ningekusikiliza ukinitukana mpaka leo. Lakini Marta alikufanyia nini?" Mwenye jibu la hilo aniletee.

Tangu siku ile nakwenda kila Jumamosi. Nakaa kwenye kiti cha nje. Siku nyingine anatoka tunaongea habari za watoto. Siku nyingine hatoki, mpangaji mmoja ananiletea maji. Kanga alizoziacha Marta, picha yake ukutani, vyombo vyake, sijaviona. Simlaumu. Nimefunguliwa, sikusema nimerudishiwa.

Sasa, lile neno nililitoa mbele ya watu, na halifutiki kimyakimya. Wazee wawili mliokuwepo koridoni, mnisikie: nalifuta. Yona akifa kabla yangu, nitamzika kwa mikono hii. Nikitangulia mimi, mwiteni. Akija au asije, msimngoje kwa hasira, na msimseme.

Na wewe unayesikiliza, unaye wako. Dada yako, mdogo wako, mama mkwe wako, mliyeapishana hamzikani. Usingoje Mungu akushushie machozi kwanza. Mtegemee ukiwa mkavu hivyo hivyo, ukiwa bado na hasira, unyanyuke uende. Nenda wakati bado yuko mtu wa kukufungia mlango. Yesu wangu alinitoa kwenye majani ya kioo nikiwa sijamwomba vizuri, hatakushindwa wewe.

Mimi naomba mniombee. Wala msiniombee niingie ndani, hilo ni la Yona na Mungu wake. Niombeeni nisichoke kukaa nje.