Kelele Kwenye Mabano: Maisha ya Mpiga Chapa wa Idara ya Historia

Ndugu waombolezaji, kabla sijasoma naomba kila mmoja aape kimoyomoyo kwamba haya hayatavuka kamba za hema hili, kwa sababu marehemu aliniapisha mimi dada yake, akiwa ameushika mkono wangu kwa nguvu zote alizobakiwa nazo, nisimwambie mtu yeyote mpaka azikwe, nami nikaapa, lakini mnanijua, kaburi halijafukiwa na tayari nimeshika kipaza sauti.

Marehemu mdogo wangu, ambaye wengi mlimwita Mama Taipu, alizaliwa tarehe 3 Machi 1949, katika chumba cha mwisho cha nyumba za wafanyakazi wa kiwanda cha matofali, mtoto wa tatu wa mama yetu mfua nguo na baba yetu mchoma matofali, na mimi, niliyekuwa na miaka mitano, nilitumwa kumwita mkunga, nikapitia kwanza kwa majirani watatu kuwapa habari, ndiyo maana mkunga alipofika mtoto alikuwa ameshazaliwa.

Alianza shule mwaka 1957 akamaliza la nane mwaka 1964, mimi nikiwa nimeishia la nne kwa kuwa mdomo wangu haukunipa nafasi ya kusikiliza, wakati yeye alikuwa masikio matupu. Mwaka 1966 alijifunza kupiga chapa, na tarehe 12 Juni 1968 aliajiriwa na Idara ya Historia ya chuo, chumba namba sita, dirisha likitazama choo cha wahadhiri, meza yenye mguu mmoja uliotiwa kipande cha kadibodi, akakaa hapo mpaka alipostaafu tarehe 30 Juni 2004. Tarehe 9 Oktoba 1971 alifunga ndoa na fundi wa kujalidi vitabu wa hapohapo chuoni, mtu mpole, nadhani alimwoa ili apate wa kunyamaza naye, wakajaliwa watoto watatu, mkunga, fundi wa kuchomelea vyuma, na dereva, ambao mnawaona hapa na wajukuu saba.

Sasa siri. Kati ya mwaka 1974 na 1977 Profesa wa idara alizunguka mtaani kwetu na redio kaseti, akiwahoji wazee, maana yake wanaume, jinsi mtaa ulivyoanza, na kaseti zikaletwa kwa mdogo wangu azisikilize na kuzipiga chapa neno kwa neno, lakini nyumba zetu mnazijua, ukuta wa sebule na jiko ni mwembamba kama shuka, basi mzee anasimulia mbele, na nyuma sauti ya mwanamke inadakia, we mzee, mbona hivyo sivyo, acha kumdanganya mgeni, mdogo wangu akaenda kuuliza, na hii niipige, Profesa akamjibu, hayo siyo mahojiano, bibie, andika neno kelele, litie kwenye mabano, endelea.

Akaandika kelele, kwa kuwa alikuwa mtu wa kutii, lakini kila mchana wenzake walipotoka kula alirudisha kaseti nyuma, akaongeza sauti, akazipiga chapa hizo kelele peke yake kwenye karatasi nyembamba, kurasa mia mbili na tatu, kila moja na namba ya kaseti yake juu, akazitia ndani ya foronya chini ya kitanda. Kaseti zenyewe idara ilikuja kurekodia juu yake hotuba za mahafali, kwa hiyo wanawake wale, ambao wote wameshatangulia, hawamo popote isipokuwa ndani ya foronya ile.

Februari 2023 alikuja Mtafiti, yule binti mwenye miwani aliyekaa karibu na jeneza, msomi wa hawa wapya wanaosema mtaa haukujengwa na waliokaa sebuleni peke yao, alikuwa amesoma kitabu alichokitoa Profesa kutokana na kaseti zile akalihesabu neno kelele mara mia moja na kumi na mbili, na kila mara ni pale mzee anapojisifu, akamuuliza mdogo wangu, mama, kelele hizo zilikuwa za nini, naye akasema, mwanangu, miaka arobaini na sita nangoja mtu aniulize.

Agosti mwaka huohuo figo zilianza kumsumbua, akawa anasafishwa damu mara mbili kwa wiki, na akaamua karatasi apewe Mtafiti siku ya maziko, kwani akishazikwa hakuna wa kumnunia, akatutoka Jumanne, tarehe 14 Oktoba 2025, saa nne kasoro dakika ishirini asubuhi, akiwa na miaka sabini na sita.

Hapa nakiri kosa, nilimwambia mtu mmoja tu, fundi cherehani, akinipima kiuno, na kufikia Alhamisi habari ilikuwa kwa Mwenyekiti wa mtaa, ambaye marehemu baba yake ndiye tangi letu la maji limeitwa kwa jina lake, eti alikwenda peke yake mwaka 1958 kudai bomba, na kwenye kaseti ya tisa kelele, yaani mke wa mzee huyo, anasema, wewe ulikuwa kitandani mguu umevimba, ni sisi wanawake kumi na mmoja tuliokaa ofisi ya maji siku tatu na mabeseni ya nguo chafu mpaka bwana yule akatia sahihi, na mtaro tukauchimba sisi.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi waliomsafisha damu bila kumchoka, majirani waliotupikia na kutuazima viti, wenzake wa idara waliobaki, na haya ya mwisho nimeyaongeza kwa penseli leo asubuhi, tunamshukuru Mwenyekiti, aliyefika wa kwanza, akaomba aachwe peke yake chumbani kwa marehemu amwage machozi, akakaa dakika kumi, akatoka macho makavu, koti limefungwa vifungo vyote, hajalivua mpaka sasa na joto hili, nami nilipoingia nikakuta foronya tupu.

Ndugu, tusimame, tuinue mikono yote miwili, tumpungie mdogo wangu. Yote miwili, Mwenyekiti, baba, na huo uliobana ubavuni.

Haya. Haya, wajukuu, ziokoteni karatasi taratibu, zina namba, mpeni Mtafiti. Na ya kaseti ya tisa msiikunje, ni ya mama yake Mwenyekiti, anasema alichimba mtaro ule na mtoto akimlilia mgongoni, na mtoto mwenyewe ni huyu.

Lala salama, mdogo wangu, umeipiga kazi yako ukaimaliza. Mwenyekiti, usishushe mikono, bado tunamuaga.