Ile kosa haikukuwa ya Médiatrice

Médiatrice alikufa tarehe tisa. Moyo. Retreti yake, kupumuzika kazi, ilikuwa tarehe makumi tatu ya huu huu mwezi. Alifanya kazi miaka makumi tatu na mbili kwa labo ya kituo chetu cha maji. Alibakiza siku makumi mbili na moja.

Hugues, shefu wa labo, alisema sherehe ya retreti tutaifanya tu, na mi ndiye niandike neno la kumuaga, juu nilifanya kazi na marehemu miaka mingi kupita wengine. Mi ni mutu wa chokaa. Nilisoma mupaka mwaka wa tano. Naandika vile nasema.

Médiatrice alianza akiwa musichana, na chupa ndogo ya matone ya kupima maji. Sisi wa kazi tunajua, lakini familia yake labda hawajui. Maji ya muto tunaitia dawa ya kushusha matope. Ile dawa inaacha maji na asidi. Asidi inakula mabomba, watu wanakunywa kutu. Basi mi naweka chokaa, maji inarudi sawa. Chokaa ikizidi, maji inateleza kama sabuni na inachoma koo. Médiatrice ndiye alikuwa anaangalia. Matone matatu kwa tibu ya maji. Njano, asidi. Bluu, chokaa mingi. Kijani, fungua.

Mashini ya kupima ilikuja nyuma, yenye namba. Aliikubali, lakini matone hakuacha. Alisema mashini inajua kusoma, haijui kunywa. Kila asubuhi alipika chai na maji ya tangi, akakunywa yeye kwanza, ndio wafungue vane, mulango wa maji ya mji. Chai ikiwa nyeusi kupita kawaida, ananiita pa dirisha: "Baba Amélie, leo umetupikia ukuta?" Watu wanacheka. Mi pia.

Kikombe ya pili ilikuwa yangu. Toka tarehe tisa sijakunywa chai huku. Rosette, muke wangu, alishakufa zamani. Mutoto wangu Amélie ameolewa Uvira. Hakuna mutu mwingine ananiita Baba Amélie. Wengine wananiita Murhula, ao Chokaa.

Sasa neno lenye nilitaka kusema siku ya retreti yake, yeye akiwa amekaa mbele.

Imepita miaka kumi na moja. Nilizika Rosette, kesho yake nikaja kazi. Mi nahesabu na kamba. Nikimwanga mufuko wa chokaa, kamba yake naitundika kwa musumari. Zikifika ine, nimemaliza, nazitoa zote. Siku ile nilimwanga mifuko ine, nikasimama, nikawaza Rosette. Niliangalia kamba kwa musumari nikasema ni za jana. Nikazitoa, nikaanza upya. Mifuko munane.

Matone yakakuwa bluu kabisa. Médiatrice alikataa vane ifunguliwe. Mutaa wa Bwiza ilikaa bila maji mupaka saa kumi, watu wakakuja na bidoni tupu kututukana pa mulango. Shefu wa wakati ule akauliza ni nani. Nilitaka kusema. Médiatrice alinivuta mukono: "Umezika jana. Watakufukuza, na mutoto iko anasoma. Nyamaza." Akaandika kwa kitabu: kosa ya labo.

Walimupa barua ya lawama. Mwaka ule walichagua shefu wa labo, wakamuruka yeye, wakaweka Hugues. Haikukuwa sababu ya Hugues, Hugues ni mutu muzuri. Ni sababu ya ile barua. Kesho ya ile barua asubuhi chai yangu ilikuwa pale.

Nilinyamaza. Amélie alimaliza masomo, nikaendelea kunyamaza. Hiyo haina sababu, ni woga tu.

Laure, we mutoto wake, uko hapa. Mama yako hakukosea. Kosa ilikuwa ya Murhula. Naomba wakubwa watoe ile barua kwa dosiye yake ya kazi. Kama inafaa barua iingie kwa yangu, iingie.

Médiatrice, asante. Nilitaka kukutakia kukaa nyumbani, kulala mupaka jua itoke, kunywa chai bila kuangalia rangi. Ile siku haikufika. Pumuzika hapo uko.

Mwenye kutaka kunifukuza atanikuta kwa chokaa. Mi kesho saa kumi na mbili narudi kazi.