Maisha ya Emile Bulaimu, Aliyetunza Miti ya Barabara za Kasongo (1909–1957)

Ndugu na jamaa, majirani wa kartie hii tunamokaa, wafanyakazi wenzake wa Travo, idara ya barabara, mumefika kumusindikiza baba yetu. Muvumilie kidogo, tuseme alikuwa nani.

Emile Bulaimu alizaliwa Wamaza, katika teritware ya Kabambare, mwaka 1909, wakati wa kuvuna mpunga. Siku yenyewe haikuandikwa. Mama yake alisema tu kwamba wanawake waliacha mavuno shambani wakaja kumuona. Mama yake alizaa watoto wawili tu, yeye kwanza, kisha dada yake mudogo Cécilia, ambaye amefika jana na kamyo ya pamba.

Mwaka 1920 alipelekwa Kasongo kwa Mapadri. Alibatizwa Noeli ya 1922 na alisoma mpaka mwaka wa nne. Kusoma alijua, kuhesabu alijua, lakini saa ya bustani aliipenda kuliko ubao. Alichapwa fimbo mara moja juu ya kupanda mbegu za papai katikati ya kiwanja cha mupira. Walipomuuliza sababu, alijibu kwamba pale ndipo jua lilikuwa jingi.

Tarehe 4 Machi 1929 aliingia kazi ya Travo, kutunza miti ya poste, ndiyo mitaa ya serikali hapa mujini. Hakufanya kazi ingine tena. Alipanda, alimwagilia kiangazi, alipaka mashina chokaa, alitoa muchwa, na alikata matawi yaliyooza kabla hayajaangukia watu wa soko. Tawi alianza kulikata kwa chini kidogo, kisha kwa juu, ili lisianguke na ganda la shina. Mahali alipokata alipaka lami. Kwa hiyo watoto walimuita Baba Miti, na wakubwa nao wakafuata.

Tarehe 16 Julai 1932 alifunga ndoa na mama yetu Albertine, hapa misioni. Siku ya kwenda kujionyesha kwa wakwe alitoka moja kwa moja kazini, chokaa ingali masikioni. Baba ya Albertine aliuliza, "Huyu mumemutoa wapi, nusu mutu nusu muzungu?" Albertine alicheka, na neno likaishia pale. Katika juma la kwanza la ndoa alipaka chokaa mupapai wa nyumbani. Mama akamuuliza:

"Na mimi utanipaka lini?"

"Wewe hauna muchwa."

Walizaa watoto watatu.

Kuna jambo moja ambalo watu wote wa kartie wanalijua, na familia imekubali lisemwe. Kwetu kitovu cha mutoto kikianguka, mama anakizika chini ya muti uzima, ili mutoto akomae pamoja nao. Kijijini kila mama ana mugomba wake. Hapa mujini, mutu wa usafi alikataza migomba karibu na nyumba, juu ya mbu wanaozaa humo. Basi akina mama wakaanza kuzika vitovu chini ya flamboyan za barabara ya soko, ile miti ya maua mekundu. Waliona kwamba muti wa Bulamatari, ndiyo serikali, hakuna mutu anaweza kuugusa. Baba aliwaona na hakuwafukuza. Aliwaonyesha upande ambao jembe lake halipiti. Wakimuuliza, aliwajibu, "Muzike tu. Hii hawatakata."

Mwaka 1955, mwezi wa Mei, amri ilikuja. Barabara ya soko ipanuliwe, makamyo yapishane, flamboyan zote zikatwe. Baba alipewa kazi ile, yeye na wafungwa.

Hakuanza siku ile. Alipita nyumba kwa nyumba kuwajulisha akina mama. Kwa Mama Émérance, jirani yetu, alimukuta anatwanga mihogo.

"Si wewe ulituambia hawatakata?"

"Ni mimi, mama."

"Basi ukatae."

"Nikikataa, watakata wengine, na hao hawatawaita. Mukuje muchukue udongo."

Walikuja na vikapu, wengine na sufuria. Walichukua udongo tu, kwa sababu kilichozikwa hakikuonekana tena. Baba alisimama pembeni, kofia mukononi. Kisha alipanda na kamba, akakata kila muti kuanzia juu, na kuteremusha tawi moja moja. Jioni alirudi nyumbani, akanawa, akakula.

Kiangazi kile surua iliingia kartie. Pacifique, mutoto wa Mama Émérance, akafariki. Baada ya maziko mama yake alikuja mbele ya nyumba yetu, watu wakiwa wanapita, akasema, "Baba Miti amekata mutoto wangu." Baba alikuwa ameketi mulangoni. Tangu siku ile akina mama wengi waliacha kumusalimia, na mutoto akimukimbilia barabarani walimuvuta mukono. Alipanda miti mipya, nyuma kidogo ya barabara, akaizungushia miiba ili mbuzi wasiile. Miaka miwili hakuna aliyeleta kitovu. Mutu akipita, baba ndiye aliyemuamkia kwanza. Wengine waliitika, wengine hapana.

Mwezi wa Februari 1957 tumbo lilianza kuvimba. Munganga alisema ni ini. Alilazwa hospitali mara mbili, kisha mwezi wa Juni akarudishwa nyumbani. Mama Albertine alimulisha uji na kumugeuza kitandani.

Mwisho wa Julai Mama Émérance aliingia, amebeba mutoto muchanga, musichana. Aliketi chini kwenye mukeka. Kisha baba akauliza:

"Kitovu kimeanguka?"

"Kimeanguka."

"Umekizika wapi?"

"Bado. Kiko hapa ndani ya kitambaa. Nimekuja kukuuliza. Ni muti gani hawatakata?"

Baba alifumba macho, tukazani amesinzia.

"Sijui, mama," akasema. "Zamani nilisema najua. Sikujua. Hata hii ninayopanda, sijui."

"Basi nifanye nini?"

"Fanya vile moyo wako unataka. Mimi sitakudanganya tena."

Mama Émérance alimutazama sana. Kisha akamupa Mama Albertine mutoto amushikie, akachukua kijiko, akamulisha baba uji uliobaki.

Jumamosi tarehe 17 Agosti 1957, jua likiwa katikati, baba aliuliza kama miti midogo imepata maji. Tulimwambia bado. Akasema, "Haya," akageukia ukuta. Saa nane mchana alikuwa hayupo tena. Padri alikuwa amekwisha kumupaka mafuta matakatifu asubuhi. Nyumbani tumekaa tu. Uji wake ungali jikoni, hakuna aliyeumwaga.

Ameacha mujane, Mama Albertine. Watoto wake: Musafiri anayefanya kazi Salamabila, Odile anayewasomea maneno haya, na Apolline aliye bado shuleni. Wajukuu, mudogo wao akiwa bado mugongoni. Dada yake Cécilia wa Wamaza, na jamaa wote wa Kasongo na Kabambare.

Kwetu mutu hazikwi na deni la maneno. Mwenye neno juu yake alitoe hapa, kabla udongo haujarudishwa. Mama Émérance yuko kati yetu. Jana alikuja kuomba neno lake lisomwe na familia, kwa sababu yeye mwenyewe sauti haitatoka. Ndilo hili:

"Pacifique alikufa na surua. Hakukatwa na mutu. Nilisema vile mbele ya watu, basi watu wasikie na hii."

Baba yetu Emile, Mungu akupokee, ulale kwa amani.