Muhogo wa Bi Somoe na Kiboko wa Wote

Basi la kwenda Kilambo, kijiji cha kando ya mto, lilipotoka Mtwara, Mwalimu Chitanda alifumba macho apate usingizi, lakini kiti cha mbele hakikumpa nafasi. Bi Somoe, mkulima wa muhogo, alikuwa akimlalamikia jirani yake, mzee mmoja mvuvi wa samaki na kamba, kwamba viboko wamemmalizia shamba.

"Wangeuawa wote, baba, tukapumzika."

"Hapana, mama. Kinyesi chao ndicho kinachorutubisha maji. Kamba wanakulia humo, kwenye mikoko. Kiboko akiondoka, mimi nitavua matope."

"Kwa hiyo mimi nalima, kiboko anakula, wewe unavua?"

"Ndivyo Mungu alivyopanga, mama."

"Basi mwakani shamba liwe lako, mto uwe wangu."

Mwalimu alikuwa amefundisha somo hilo la viumbe kutegemeana miaka kumi na tisa, kwa mishale mizuri ubaoni. Alitaka kuchangia, akakumbuka kuwa mishale yake haikuwahi kupita shambani kwa mtu. Akafumba macho tena.

Basi liliposimama, mvuvi alisema kwa upole, "Nitakuletea kamba wa kitoweo."

"Leta," alijibu Bi Somoe akishuka, "na ugali wake wa muhogo uje nao."