Mkono Uliojifunza Kusubiri: Maisha ya Shigeki Tamaru, Mwongozaji wa Okestra

Marehemu Shigeki Tamaru alizaliwa tarehe 14 Februari 1949 katika mji wa Takaoka, Japani, mtoto wa tatu wa fundi wa kusubu kengele za hekalu. Alikuwa akisema kwamba baba yake ndiye aliyemfundisha kusikiliza, kwani kengele haikutoka karakanani mpaka mlio wake uishe wote na mzee aitikie kwa kichwa.

Alisoma shule ya msingi na sekondari hapo hapo Takaoka, kisha uongozaji wa muziki mjini Tokyo, 1968 hadi 1973. Agosti 1979 alihamia Toronto kama mwongozaji msaidizi, na kuanzia 1986 aliongoza okestra yake mwenyewe kwa miaka ishirini na minne. Hakuwahi kuchelewa mazoezini, wala kumfokea mpigaji mbele ya wenzake.

Tarehe 6 Juni 1981 alifunga ndoa na Genoveva Noronha, mwalimu, mzaliwa wa Tanga. Kiswahili alijifunza mezani kwa mama mkwe, ambaye hakumpakulia wali mpaka auombe vizuri.

Kwa kuwa mengi yamesemwa kuhusu kuondoka kwake kwenye okestra, familia inaona vema ukweli usomwe hapa. Hakufukuzwa. Tarehe 13 Novemba 2010, katikati ya onyesho, sikio lake la kushoto lilizima ghafla, akawaingiza wapiga tarumbeta kabla ya wakati. Alisimamisha muziki, akawageukia wasikilizaji, akasema, "Kosa ni langu, si lao." Wakaanza upya. Jumatatu yake aliandika mwenyewe barua ya kujiuzulu. Nakala ipo nyumbani Etobicoke. Anayetaka kuisoma anakaribishwa chai.

Mwaka uliofuata aliombwa kufundisha kwaya ya Kiswahili ya parokia. Siku ya kwanza aliinua fimbo yake ya kuongozea, lakini hakuna aliyefungua kinywa. Wote walikuwa wakimtazama Mama Spéciose, mwanzishaji wao, kwani kwao wimbo huanza anapotaka yeye. Mkono ukabaki juu.

"Mzee Tamaru, shusha mkono, utachoka bure," Mama Spéciose akamwambia. "Wimbo ukiiva tutakuita!"

Kwaya nzima ikaangua kicheko. Yeye akainama mbele yake kwa heshima ya Kijapani, na kwa miaka kumi na mitatu hakuanza mazoezi bila kumwinamia na kumsubiri. Alimwambia mkewe kwamba kwa kazi hii sikio moja linamtosha.

Septemba 2024 aligunduliwa kuwa na saratani ya kongosho. Aliugua bila manung'uniko, akafariki Jumatatu, 10 Machi 2025, saa tisa alasiri, mkewe akiwa amemshika mkono.

Ameacha mjane, Genoveva, watoto wawili, Elaine na Glen, mkwe mmoja, Amandine, wajukuu watatu, na dada yake Fumiko, aliyeko Takaoka. Kwaya aliiachia agizo moja: leo tunapomuaga, Mama Spéciose asiharakishwe kuanza wimbo. Yeye atasubiri.

Mwenyezi Mungu ampe pumziko lenye utulivu.