Gesine Noack na Mgeni wa Mama Yake

Wasikilizaji wapendwa, sogeeni karibu na redio zenu. Leo tunamkumbuka Gesine Noack, mwandishi wa habari wa hapa hapa Chemnitz, Ujerumani. Alitutoka wiki iliyopita kwa saratani. Narudia, ni saratani, maana simu za studio hazijanyamaza tangu jana, na kila anayepiga anauliza: "Wale maadui zake wamempata?" Hapana. Hawakumpata.

Miaka mingi Gesine aliwafuatilia watu wa siasa kali za mrengo wa kulia, wale wanaochoma mabweni ya wakimbizi, kisha asubuhi wanapanga foleni ya mikate pamoja nasi. Aliwaandika kwa majina yao. Aliogopa? Aliogopa sana. Kaka yake, Falk, anasema: "Akila, uma unagonga sahani kwa kutetemeka. Ukimwambia aache kazi hiyo, anakujibu, 'Hebu nipe viazi hivyo, acha maneno.'"

Kwa woga huo, alibandua jina lake kwenye kengele ya mlango. Hakumwambia mama yake sababu, asije akamtia hofu. Na kwetu, mlango usio na jina ni aibu. Bi Irmtraud, mama yake, alipokuja kumtembelea, alizunguka jengo zima kwenye baridi akitafuta kengele.

"Hata matapeli wana majina mlangoni," alifoka, "sembuse binti yangu!"

Gesine alipokwenda kazini, mama akachukua kalamu. Akaandika NOACK kwa herufi kubwa, akabandika.

Jioni Gesine akaliona jina lile, akapanda ngazi mbio. Mezani palikuwa na shada la maua. La mazishi.

"Kaleta nani, mama?"

"Bwana mmoja, mstaarabu huyo! Kavua viatu mlangoni. Nimemkatia keki, kala vipande viwili. Hata goti langu kaniulizia kama limepona. Mbona hukuniambia una rafiki mwenye adabu hivi?"

Gesine hakuwa amemsimulia mtu yeyote habari za goti la mama yake.

Hawakulala pale tena. Mama alimsihi aache, akalia, akamnunia. Gesine akaendelea kuandika, akiogopa vile vile. Ni makala zake zilizowafikisha mahakamani waliochoma bweni la wakimbizi mtaani kwake. Walifungwa. Yule mla keki hakuwa miongoni mwao. Hajajulikana mpaka leo.

Bi Irmtraud, Falk, poleni sana. Msiba huu ni wetu sote. Nasi wasikilizaji tujiulize, bila kuoneana haya: mwanamke huyu alipokuwa akiogopa peke yake kwa ajili ya mji mzima, sisi tulikuwa wapi?

Asubuhi hii Bi Irmtraud kanipigia simu. "Mwanangu," kaniambia, "jina lake litaje, tena kwa sauti. Ila kaburi, nakuomba, usiseme liko wapi."

Gesine Noack. Gesine Noack.

Kaburi silitaji, mama. Najua na yule mla keki anasikiliza.